Nguzo za mawe za Kalokol: ni makaburi kweli, na aliyezisimamisha ni nani?

Swali: "Shikamoo mwalimu. Mimi kwetu ni Kitale ila kazi imenileta Turkana, tuko kwa mradi wa maji, tunalaza bomba upande wa Kalokol. Ukitoka Lodwar, kabla hujafika Kalokol, kuna nguzo za mawe zimesimama kando ya barabara, wenyeji wanaziita Namoratunga, wanasema walikuwa watu wakicheza ngoma wakageuzwa mawe. Fundi mwenzangu ameona video kwa simu eti zilijengwa na majitu, mwingine anasema ni Wamisri walipita hapa na chini kuna dhahabu. Mimi niliwahi kusoma mahali kwamba ni kalenda ya nyota, pengine nikasoma ni makaburi. Sasa kinachoninyima usingizi ni hiki: mbele ya mtaro wetu, mbali kidogo na hizo nguzo, kuna marundo mawili ya mawe ya duara, na nyapara anataka tingatinga lisukume tuendelee maana tumechelewa. Vijana nao wanataka tuchimbe usiku tuone kuna nini. Naomba kuuliza, hayo ni makaburi kweli? Ya nani, walikuwa na mfalme? Tukiyasukuma kuna ubaya gani? Halafu niliokota ushanga mdogo wa kijani karibu na rundo moja, niko nao kwa droo. Nifanyeje nao?"

Marahaba ndugu yangu. Nitaanza na la marundo kabla ya la historia, manake historia imeshangoja miaka elfu tano, inaweza kungoja dakika kumi zaidi, lakini tingatinga halingoji. Mwambie nyapara asimamishe hapo kwanza. Sisemi mradi wote usimame, endeleeni kulaza bomba upande mwingine, ila hayo marundo mawili, pamoja na uwanja wa hatua kama hamsini kuzunguka kila moja, yasiguswe na chuma wala koleo mpaka mtu anayejua kazi hiyo ayaone kwa macho yake. Sababu nitakupa. Na hao vijana wa kuchimba usiku waambie walale tu, dhahabu hakuna, na hilo nalo nitakueleza nina uhakika kwa nini.

Nikikuelewa vizuri una mambo mawili. Umesikia hadithi tano kuhusu mawe hayo hayo na unataka kujua ushike ipi, halafu unaogopa kufanya kosa ambalo halirekebishiki. Hilo la pili nakupa heko, wengi wananiandikia wakiwa wameshasukuma.

Tuanze na majitu. Ukizisogelea zile nguzo utaona zina pembe, tano au sita, na pande zimenyooka kama zimekatwa kwa msumeno. Hapo ndipo watu wanasema haiwezekani mtu wa kale atengeneze hivi. Na ni kweli, hakutengeneza. Umeshaona tope la dimbwi likikauka, linavyopasuka vipande vyenye pembe pembe? Sasa chukua badala ya tope lava, ule uji wa moto uliotoka ardhini zamani ukatandaa. Ukipoa unasinyaa, ukisinyaa unapasuka, na ufa unashuka chini kadiri ubaridi unavyoshuka, mwisho unabaki na nguzo zimepangana kama penseli kwenye kasha. Jiwe hilo linaitwa basalti, na bonde lote la Turkana limejaa. Kwa hiyo kazi ya watu haikuwa kuchonga, ilikuwa kuchagua, kung'oa, kubeba na kusimamisha. Hiyo inataka mabega, kamba na mtu wa kuongoza wimbo wa kuvuta pamoja. Jitu halihitajiki.

Wamisri nao tuwaweke pembeni. Eneo la nguzo lililochimbwa vizuri kuliko yote upande wa magharibi mwa ziwa linaitwa Lothagam Kaskazini, liko kusini ya hapo ulipo, na lilijengwa na kutumika kati ya miaka kama 5,000 na 4,300 iliyopita. Piramidi kubwa ya Giza, ile ya Khufu, ina miaka kama 4,500 na ushee. Yaani watu wa Turkana walikuwa wanazika wafu wao kwenye jengo la mawe kabla huyo Khufu hajazaliwa. Sasa nani alimfundisha nani? Mimi nasema hakuna, kila mmoja alikuwa na shida zake na mawe yake. Ila ni tabia yetu, tukiona kitu kizuri kwetu tunamtafutia mwenyewe mgeni.

Hadithi ya wachezaji ngoma waliogeuka mawe siicheki, na wewe usiicheke mbele ya wazee. Namoratunga maana yake ni kama "watu wa mawe", na jina hilo limepewa zaidi ya sehemu moja, kuna nyingine kule Lokori, kwa hiyo ukisoma mahali "Namoratunga" angalia kwanza wanasema ipi. Waturkana wamefika bonde hili karne chache tu zilizopita, nguzo walizikuta zimesimama, wakazipa hadithi. Ukienda pale angalia juu ya nguzo, utaona vijiwe vidogo vimewekwa na wapita njia. Heshima hiyo imezilinda nguzo kuliko uzio wowote ambao ungejengwa na serikali.

Sasa hii ya kalenda ya nyota. Hukuota, ni kweli iliandikwa, tena kwenye jarida kubwa la Science mwaka 1978. Watafiti wawili, Lynch na Robbins, walipima hizo nguzo 19 za Kalokol wakasema zimeelekea nyota zile zile ambazo Waborana, wafugaji wa kaskazini mwa Kenya na kusini mwa Ethiopia, wanazitumia kwa kalenda yao, na wakakadiria ni za mwaka 300 hivi kabla ya Kristo. Ilikuwa habari tamu sana, na kalenda ya Waborana yenyewe ni kitu halisi kabisa, wanausoma mwezi ukipita karibu na nyota fulani na wanajua siku. Tatizo lilikuwa kwenye vipimo. Mwaka 1982 mtaalamu mwingine, Robert Soper, alirudia kupima akaonyesha kitu ambacho ukikisikia unashika kichwa: basalti ina chuma ndani yake, ina usumaku, ukiweka dira karibu na nguzo mshale unavutwa. Jaribu mwenyewe na dira ya kawaida, isogeze taratibu kwenye jiwe uone. Mimi niliwahi kufanya hivyo na wanafunzi, mmoja akaniambia "mwalimu, kaskazini imehama". Halafu baadaye zilipopatikana tarehe za uhakika kutoka maeneo haya ya nguzo, ikaonekana ni ya zamani kwa zaidi ya miaka elfu mbili kuliko ile 300. Kwa hiyo mimi kalenda siishiki. Kwamba waliojenga walikuwa wanazijua nyota, hilo sina shaka, mchungaji gani hazijui? Lakini nguzo hizi kuwa chombo cha kupimia nyota, ushahidi wake uliporomoka.

Tumebaki na makaburi, na jibu ni ndiyo. Kalokol ni ndugu wa familia moja na Lothagam Kaskazini, Lothagam Magharibi, Manemanya, na ng'ambo ya ziwa Jarigole. Nitakueleza Lothagam Kaskazini kwa sababu ndiyo tunaijua ndani, matokeo yake yalitoka mwaka 2018, kazi iliyoongozwa na Elisabeth Hildebrand na Katherine Grillo na Elizabeth Sawchuk pamoja na watu wetu wa Makumbusho ya Taifa ya Kenya, kina Purity Kiura na Emmanuel Ndiema.

Ukifika unaona jukwaa la mawe la duara, upana wake kama mita 30, na nguzo juu yake. Usipochimba utadhani ni hilo tu. Kumbe chini kuna chumba, au tuseme shimo kubwa. Waliojenga walianza kwa kuondoa mchanga wa ufuoni mpaka wakaufikia mwamba, eneo la mita za mraba kama 120, yaani ukubwa wa nyumba ya vyumba vitatu hivi. Halafu wakawa wanachimba vishimo kwenye ule mwamba laini, wanamlaza mtu, anakuja mwingine pembeni yake, mwingine juu, vizazi kwa vizazi, miaka mia kadhaa. Watafiti walichimba sehemu ndogo tu, wakapiga hesabu kutokana na jinsi walivyobanana, wakakadiria mle ndani hawapungui watu 580. Shimo lilipojaa likafunikwa kwa mawe, na juu yake zikasimamishwa nguzo, nyingine zimetolewa umbali wa kama kilomita moja. Halafu sikiliza hili linalokuhusu wewe: pembeni ya jukwaa waliongeza miduara ya mawe na marundo ya mawe. Ndiyo maana uliposema rundo la duara, karibu na nguzo, mimi nilikaa sawa kwenye kiti.

Ngoja nikuonyeshe kitu kimoja kwa karibu, manake ndicho kitakachokufanya umwelewe mtu anayekataza kuchimba usiku. Kati ya waliozikwa pale kuna mmoja aliyekutwa na pambo la kichwani lililotengenezwa kwa meno ya panya wadogo wa jangwani, wale wanaorukaruka usiku ukipita na tochi. Meno ya mbele tu. Yalihesabiwa 405, yametoka kwa panya wasiopungua 113. Jino moja ni jembamba, linapotea kwenye mkunjo wa kiganja. Hebu fikiria mtu amekaa anatega panya mmoja mmoja, zaidi ya mia, anang'oa meno, anayapanga, na ikifika siku ya msiba yanavikwa maiti na hayatolewi tena. Sasa fikiria kijana wako na sururu saa nne usiku. Angeona nini? Angeona mchanga wenye vijiti vyeupe. Angeupepeta akitafuta dhahabu, angeutupa. Tunajua lilikuwa pambo kwa sababu moja tu, meno yalikutwa yamekaa kwa mpangilio, na mtu akayatoa kwa brashi na kibano huku mwingine anachora. Thamani haikuwa kwenye meno, ilikuwa kwenye mahali yalipokaa. Ukishayahamisha ni takataka.

Na ndiyo maana nasema dhahabu hakuna. Watu wale hawakuwa na madini ya kufua, si dhahabu si shaba si chuma, enzi hiyo huku kwetu bado. Mali yao ilikuwa shanga za maganda ya mayai ya mbuni, mapambo ya pembe za kiboko, yale meno yake, na shanga za mawe ya rangi, mengine kijani ya kuelekea bluu yanaitwa amazonaiti. Nitarudi kwa hilo jiwe la kijani, usidhani nimesahau droo yako.

Umeuliza walikuwa nani. Walikuwa wafugaji wa kwanza wa Afrika Mashariki, au watoto wa wafugaji waliochanganyika na wavuvi waliokuwepo ziwani. Ng'ombe, mbuzi na kondoo si wanyama wa asili ya huku, hakuna ng'ombe wa mwitu wala mbuzi wa mwitu aliyefugwa Turkana, waliletwa kutoka kaskazini. Na waliletwa kwa sababu huko kaskazini kulikuwa kunaharibika. Sahara ilikuwa mbuga, ina maziwa na viboko, kwa sababu dunia inapozunguka jua inayumba kidogo kidogo kama pia inayokaribia kuchoka, na kwa maelfu ya miaka kuyumba huko kulifanya jua la kiangazi liwe kali zaidi upande wa kaskazini, likavuta mvua za msimu mpaka ndani kabisa ya Sahara. Dunia ikaendelea kuyumba, mvua zikarudi kusini, na kwenye miaka kama elfu tano na kitu iliyopita mambo yakabadilika. Ziwa Turkana lenyewe, ambalo zamani lilijaa mpaka likawa linamwaga maji kuelekea Nile, lilianza kushuka, makumi ya mita. Wewe unalaza bomba hapo kwa hiyo unajua ardhi ilivyo tambarare, maji yakishuka mita moja tu ufuo unahama mbali. Mtu aliyezaliwa kwenye nyumba ya ufuoni alizeeka akiwa anatembea mwendo mrefu kwenda kuchota maji.

Ndani ya wakati huo huo, ziwa linakimbia, samaki wanahama, wageni wanakuja na mifugo, ndipo hizi nguzo zinasimamishwa. Mimi nakubaliana na wanaosema hiyo si bahati tu. Watu wanapotawanyika kutafuta malisho, hamuonani miezi, hamjui nani ana mvua na nani kafiwa, mnahitaji mahali ambapo hapahami. Mnarudi kuzika, mnakula pamoja, mnaulizana habari za maji, vijana wanaonana, mtu aliyepoteza mbuzi wote anaondoka na wawili wa kuanzia. Ukiwahi kukaa kwenye matanga ya upcountry unajua maiti anazikwa saa moja lakini mazungumzo ni siku tatu. Wapo wanaoona ni alama ya mipaka zaidi, kama kusema hapa ni kwetu, babu zetu wako chini. Hilo pia lina akili, na sioni kwa nini lisiwe vyote viwili. Kinachonivuta upande wa kwanza ni kwamba hali ilipotulia na ufugaji ukashika mizizi, waliacha kujenga. Wafugaji wa baadaye walioshuka kusini kwenye Bonde la Ufa waliendelea kuzika kwenye marundo ya mawe, ukienda Hyrax Hill pale Nakuru utayaona na kuna makumbusho, hata ndani ya kreta ya Ngorongoro yapo, lakini jukwaa kubwa lenye nguzo halikurudi.

Mfalme sasa. Hili ndilo swali lililonifanya nikujibu kirefu, manake ndilo kosa ambalo hata wasomi tulilifanya miaka mingi. Tulikuwa tunafundishwa hivi: ukiona jengo kubwa, tafuta bwana mkubwa. Watu hawabebi mawe bure, lazima kuna aliyewalazimisha, tena lazima walikuwa wakulima wenye ghala za kulisha wajenzi. Lothagam ikavunja hiyo kanuni. Mle shimoni kuna wanaume, wanawake, vikongwe, watoto wachanga, wote eneo moja, hakuna aliyetengwa kwenye chumba chake wala kulundikiwa mali peke yake, na mapambo yamesambaa kwa karibu wote. Mtoto mchanga kapata nafasi sawa na mzee. Kama kulikuwa na mkubwa, alizikwa kama wengine, na mkubwa wa namna hiyo si yule tunayemfikiria.

Lakini nisikudanganye kwamba kila mahali ilikuwa hivyo. Kule Ireland kuna kaburi la mawe linaitwa Newgrange, upana wake mita 85, limejengwa miaka kama 5,200 iliyopita, na siku za kuzunguka tarehe 21 Desemba jua likichomoza miale inapenya kwenye ujia mwembamba mpaka chumba cha ndani. Mwaka 2020 walipima DNA ya mwanamume aliyekutwa ndani wakakuta wazazi wake walikuwa ndugu wa damu kabisa, kaka na dada au mzazi na mwana. Sehemu nyingi duniani jambo hilo ni mwiko wa kutisha, isipokuwa kwa koo chache za kifalme zilizojiona hazichangamani na watu, kama Misri. Kwa hiyo wengine wakasema huyo alikuwa wa tabaka la juu, na wengine wanabisha kwamba mtu mmoja hatoshi kuhukumu jamii nzima. Mimi niko katikati, naona kuna kitu lakini singeapa.

Na kwa wenye ndugu Oman, mkienda kutembea ombeni mpelekwe Bat na Al-Ayn, ni urithi wa dunia tangu 1988. Makaburi ya mwanzo, yale ya kipindi cha Hafit, umri wake unakaribiana na haya yetu ya Turkana, yamepangwa juu ya vilima kama mizinga ya nyuki, kila moja ni la watu wachache tu. Karne kadhaa baadaye, biashara ya shaba imechangamka, wanajenga makaburi makubwa ya duara yenye mawe yaliyochongwa yakalingana, na ndani wanawekwa watu makumi, hata mamia. Umeona? Nchi moja, kutoka kaburi la wachache kwenda kaburi la wengi. Jiwe peke yake halikwambii kama kulikuwa na mfalme, mpaka umtazame aliyelala ndani na alilazwaje.

Kitu kidogo kabla sijaacha, usichanganye hizi na makaburi ya nguzo ya pwani, yale ya Malindi na Gedi na Kunduchi. Yale ni ya Waswahili Waislamu, yamejengwa kwa matumbawe na chokaa, na moja la Gedi limeandikwa tarehe, mwaka 802 Hijria, ambao ni 1399. Nimeona kwenye mtandao mtu ameunganisha picha za Malindi na Kalokol akasema ni "ustaarabu mmoja uliopotea". Katikati yake kuna miaka zaidi ya elfu tatu, bwana.

Turudi kwa marundo yako. Ukweli ni kwamba yanaweza kuwa makaburi ya zamani sana, yanaweza kuwa kaburi la juzi la familia ambayo bado iko hapo kijijini, yanaweza kuwa boma la vitoto vya mbuzi lililobomoka, na yanaweza kuwa takataka za watu wa barabara. Mimi niliwahi kupoteza asubuhi nzima nikizunguka rundo moja na daftari, nachora kwa heshima zote, mpaka mzee mmoja mchunga ngamia akaniuliza kwa nini nachora mawe ambayo lori lilimwaga mwaka juzi. Kwa hiyo cha kwanza ni kuwauliza wazee, tena si mmoja. Cha pili angalia bila kugusa: kama mawe ya chini yamezama ardhini na mchanga umejaa katikati yake, kama kuna duara la mawe makubwa pembeni na madogo ndani, kama katikati pamebonyea kidogo, kama sehemu za juu za mawe zina rangi nyeusi ya kung'aa inayotokana na kukaa wazi jangwani miaka mingi, hizo zote zinaelekea kwenye umri mkubwa. Lakini usigeuze jiwe kuhakikisha. Na hata ukiziona zote bado ni dalili tu, mimi nikiwa hapa na picha ya simu siwezi kukuhakikishia, na mtu akikuhakikishia kwa picha ya simu mtilie shaka.

Mna njia tatu. Kusukuma ni haraka kwa leo, lakini Kenya ina Sheria ya Makumbusho na Urithi ya mwaka 2006, kuharibu au kuchimba eneo la kale bila kibali ni kosa, na mifupa ikitokea mbele ya tingatinga kazi itasimama siku nyingi kuliko mnazoziogopa sasa, mbali na wenyeji watakavyowatazama. Kuchimba wenyewe nimeshalisema. Inabaki kukwepesha bomba, na nyapara akilalamika mwombe mpige hesabu naye hapo hapo kwenye karatasi: mnahitaji mita ngapi za bomba la ziada na viungo vingapi vya kona? Mara nyingi ni kazi ya siku moja. Mwulize pia ripoti ya mazingira iliyopelekwa NEMA, ile mamlaka ya mazingira ya taifa, kabla ya mradi inasemaje kuhusu vitu vya kale, kama kuna kipengele hicho mtakuwa mmepata mkono wa kisheria wa kusimama bila yeye kuonekana mzembe.

Wa kumwita ni Makumbusho ya Taifa ya Kenya, anzeni na ofisi ya utamaduni ya kaunti hapo Lodwar iwaunganishe, na kule Turkwel kuna Turkana Basin Institute ambao wana watu wa kazi hii jirani kabisa. Wapelekee namba za GPS, picha kutoka pande nne zenye kitu cha kupimia kama koleo au kofia, na jina la mtu wa kuwapeleka. Kama imeshatokea mifupa, vigae vya vyungu au shanga nyingi, usingoje barua, piga simu siku hiyo hiyo, na funikeni sehemu hiyo na turubai jua lisiipasue. Ila kama mfupa unaonekana mbichi, una nguo, au wazee wanasema fulani alipotea, hiyo si kazi yetu, ni polisi kwanza.

Kuhusu laana hukuniuliza wazi lakini nimeisoma katikati ya mistari, "kuna ubaya gani". Sina kipimo cha laana. Ninachojua ni kwamba ukihamisha kaburi la watu bila kuwauliza wenye ardhi, utaishi hapo miezi iliyobaki kama mtu aliyefanya hivyo, na hiyo inatosha kumnyima mtu usingizi. Kaeni na wazee, na emuron wao, yaani mtabiri wa Waturkana, akiwepo asikilizwe.

Haya, ushanga. Usiuoshe, usiupake mafuta ung'ae, usiuvae. Unaweza kuwa amazonaiti ya zamani, na unaweza kuwa kioo cha biashara cha miaka mia iliyopita, ambacho pia ni historia. Ukiutazama kwenye mwanga kwa lenzi na ukaona viputo vidogo ndani, hicho ni kioo. Ukiona tundu limetobolewa kutoka pande mbili, pana nje jembamba katikati kama kiuno cha nyigu, hilo ni jiwe lililotobolewa kwa mkono. Lakini vyovyote iwavyo, leo hii kabla hujasahau, ufunge kwenye karatasi safi, juu yake andika tarehe uliyouokota, ilikuwa rundo lipi, upande gani, hatua ngapi kutoka kwenye mawe, na ulikuwa juu ya mchanga au ndani yake. Kama bado unakumbuka mahali penyewe, weka kijiti hapo ila usichimbe kutafuta wenzake. Mtu wa makumbusho akija, mpe karatasi na ushanga pamoja, na mpeleke kwenye kijiti.